Mpaka Kipande cha Mwisho Kifike

Mwaka 1985 Thom Henderson, mwenye kampuni ndogo ya System Enhancement Associates huko New Jersey, Marekani, alitoa programu aliyoiita ARC. Ilifanya kazi mbili kwa mkupuo: ilikusanya mafaili mengi ndani ya faili moja, na hapo hapo ikayabana yachukue nafasi ndogo. Kabla yake, mtu mwenye kompyuta ndogo alitumia programu moja kubana na nyingine kukusanya, na aliyepokea alilazimika kurudia hatua zote mbili kinyumenyume. Faili la namna hii, lenye mafaili mengine tumboni, nitaliita furushi. Naisimulia historia yake kwa sababu kila siku watu wanafungua mafurushi, mengine yamekatwa vipande kumi au ishirini, bila kujua yametengenezwaje wala yanaweza kuwafanya nini.

Elimu ya kubana ni ya zamani kuliko ARC. Mwaka 1951 David Huffman, mwanafunzi wa MIT, alipewa hiari na mwalimu wake Robert Fano: afanye mtihani, au aandike karatasi kuhusu njia bora kabisa ya kuwakilisha herufi kwa tarakimu chache. Huffman akachagua karatasi. Alihangaika hadi akakaribia kukata tamaa, kisha akapata jibu ambalo hata mwalimu wake hakuwa amelipata: herufi zinazojitokeza mara nyingi zipewe alama fupi, zile za nadra zipewe alama ndefu, na mpangilio wa alama hizo ujengwe kuanzia kwenye herufi adimu kwenda juu. Kazi hiyo ilichapishwa mwaka 1952.

Robo karne baadaye, mwaka 1977, Jacob Ziv na Abraham Lempel wa Technion, Haifa, wakaleta wazo la pili, la kurejelea yaliyokwisha kuandikwa. Chukua gazeti la Kiswahili lenye maneno "Serikali ya Jamhuri ya Muungano" mara ishirini katika ukurasa mmoja. Mara ya kwanza maneno hayo yanaandikwa yote. Yakijitokeza tena, kompyuta inaandika agizo fupi tu: rudi nyuma kiasi hiki, nakili herufi 31 ukihesabu na nafasi. Anayefungua anayafuata maagizo hayo na kuupata ukurasa ule ule, pasipo kupungua hata nukta.

Uzuri wa njia hiyo ndio udhaifu wake. Kila sehemu inategemea iliyotangulia. Barua ya kawaida ikilowa maji mstari mmoja, mistari mingine inasomeka. Furushi likiharibika baiti moja katikati, maagizo yote yanayorejelea mahali hapo yanaleta upuuzi, na upuuzi huo unarejelewa tena na maagizo yanayofuata. Anayeshika jambo hili moja ataelewa kwa nini kipande kimoja kinachokosekana kinaweza kuangusha vingine vyote.

Lakini watu hawakuzikimbilia programu hizi kwa kupenda hesabu. Walizikimbilia kwa sababu ya bili ya simu. Modemu ya biti 2,400 kwa sekunde ilichukua zaidi ya saa moja na nusu kupitisha yaliyomo kwenye disketi moja ya megabaiti 1.44. Henderson mwenyewe alikuwa mtu wa FidoNet, mtandao ulioanzishwa na Tom Jennings mwaka 1984, ambao kompyuta zake zilipigiana simu usiku, wakati gharama iko chini, zikaachiana mabunda ya barua yaliyobanwa. Kwa miaka ya mwanzo mabunda hayo yalifungwa kwa ARC. Mtandao huo ulifika hadi kwetu: mwanzoni mwa miaka ya 1990, shirika la Environment Liaison Centre International jijini Nairobi lilikuwa na kituo cha FidoNet kilichounganishwa na GreenNet ya London, na mashirika yasiyo ya kiserikali ya Afrika Mashariki yakatuma barua pepe kabla intaneti yenyewe haijawafikia. Kwa simu ya kimataifa ya wakati ule, kila kilobaiti iliyopunguzwa ilikuwa fedha iliyookolewa.

Kisha akaja Phil Katz. Alikuwa kijana wa Milwaukee, mhitimu wa Chuo Kikuu cha Wisconsin kilichoko mjini humo, stadi wa kuandika programu zinazokwenda kasi. Aliichukua ARC, akaandika upya sehemu zake nzito, akatoa PKARC, iliyofanya kazi ile ile kwa haraka zaidi. Watumiaji wakaipenda. Mwaka 1988 Henderson akamshitaki. Mtaalamu aliyeteuliwa kulinganisha programu hizo mbili alikuta katika kazi ya Katz hata maelezo ya pembeni ya mwandishi wa kwanza, pamoja na makosa yake ya tahajia. Katz akakubali kulipa na kuachana na ARC. Jamii ya watumiaji wa kompyuta, hata hivyo, ilimwona Henderson kama tajiri anayemwonea mnyonge, ingawa kampuni yake ilikuwa ndogo vilevile. Kwa maoni yangu hukumu hiyo ya mtaani haikuwa ya haki, na ndiyo iliyoamua nani atabaki.

Mwaka 1989 Katz alitoa muundo mpya, ZIP, na akafanya jambo la maana: alichapisha maelezo ya muundo huo na kumruhusu yeyote autumie. Hapo ushindi wake ukakamilika. Leo faili la Word la docx, kitabu cha epub na programu ya simu ya Android ya apk vyote ni ZIP ndani yake. Ukilifungua faili la docx kwa programu ya kawaida ya maandishi, utaona baiti zisizosomeka, lakini herufi mbili za mwanzo kabisa ni PK, vifupisho vya jina la Phil Katz. Mwenyewe hakuzeeka kuuona ushindi huo. Ulevi ulimmaliza, alikutwa amekufa katika chumba cha moteli mjini Milwaukee mwezi Aprili 2000, akiwa na umri wa miaka 37.

Mafurushi yalipokuwa makubwa kuliko disketi, suala la vipande likazuka. Programu ya megabaiti 10 haikuingia kwenye disketi ya 1.44 hata ibanwe vipi. ARJ ya Robert Jung ilipata sifa mwanzoni mwa miaka ya 1990 kwa kulikata furushi lenyewe: kipande cha kwanza kiliishia na arj, kilichofuata a01, kisha a02, kila kimoja kikitosha disketi moja. Toleo la pili la PKZIP, programu ya Katz ya kutengeneza ZIP, lilitoka mwaka 1993 na likaleta uwezo kama huo, ila kwa namna iliyowashangaza wengi. Mtu alipotaka kufungua, programu ilimwomba kwanza disketi ya mwisho. Sababu yake iko katika umbo la ZIP. Orodha kuu, inayosema ndani kuna faili gani na linaanzia wapi, inaandikwa mwishoni baada ya kazi yote. Anayefungua lazima aisome orodha kwanza, ndipo arudi kwenye disketi ya kwanza. Desturi hiyo ipo hadi leo: ZIP iliyokatwa huja na vipande z01, z02, z03, na kile kinachoishia zip tupu ndicho cha mwisho. Wengi wakiona zip peke yake hudhani ndilo furushi lote, wakafuta vile vingine kama takataka, halafu wakalalamika kwamba faili ni bovu.

Waliowahi kubeba disketi 15 kutoka ofisi moja hadi nyingine wanakumbuka ilivyokuwa. Disketi ya kwanza inasoma, ya pili inasoma, unafika ya 13 na mashine inaanza kukwaruza, kisha skrini inauliza iache, ijaribu tena au ikubali kushindwa. Unajaribu tena mara tano, sita. Kisha unarudi ulikotoka, umbali wote ule, kuomba disketi moja.

Aliyetibu maumivu hayo vizuri kuliko wote ni Eugene Roshal, mzaliwa wa Chelyabinsk, Urusi. Programu yake ya RAR ilitoka mwaka 1993, na WinRAR ikafuata mwaka 1995. Roshal alilifanya suala la vipande kuwa msingi wa kazi yake. Kila kipande cha RAR kinajua namba yake na kinajua kama kuna kingine mbele. Zaidi ya hapo, mtengenezaji angeweza kuongeza ndani ya furushi akiba ya kujitibu, data ya ziada inayomwezesha anayefungua kurekebisha sehemu iliyoharibika. Awali vipande viliitwa rar, r00, r01. Toleo la 3, la mwaka 2002, likaleta majina tuliyoyazoea: part1.rar, part2.rar, na kuendelea.

Wakati huo disketi zilikuwa zinaondoka, lakini vipande havikuondoka nazo. Makao yake mapya yalikuwa Usenet, mtandao wa mijadala uliobuniwa na wanafunzi wa Chuo Kikuu cha Duke mwaka 1979 kwa ajili ya maandishi matupu. Watu waliotaka kupitisha programu na picha walilazimika kuzigeuza kuwa herufi na kuzikata ziwe ujumbe mwingi mfupi, na seva hazikuwa na ahadi ya kuufikisha wote. Furushi la vipande 50 lilifika mahali likiwa na 48. Mwaka 2001 Tobias Rieper na Stefan Wehlus wakapata tiba katika hesabu ya Irving Reed na Gustave Solomon ya mwaka 1960, ile ile inayofanya CD yenye mikwaruzo iendelee kupiga muziki. Waliita mfumo wao Parchive, na mafaili yake yakaitwa PAR. Anayetuma anatengeneza mafaili machache ya ziada, na kila moja linaweza kuziba pengo la kipande chochote. Ukikosa kipande cha 7 na cha 31, mafaili mawili ya PAR yanatosha kuvijenga upya. Na kama vilivyopotea ni cha 2 na cha 50, mafaili yale yale mawili yatavijenga hivyo. Katika historia yote hii sijaona kazi ya kupendeza kuliko hiyo. Roshal naye aliingiza wazo hilo katika RAR kwa mafaili yanayoishia rev.

Afrika Mashariki iliendelea kuvihitaji vipande kwa muda mrefu kuliko Ulaya. Mpaka Julai 2009, kebo ya SEACOM ilipowashwa na kugusa Mombasa na Dar es Salaam, sehemu kubwa ya intaneti ya ukanda huu ilipita kwenye setilaiti, ghali na ya taratibu. Katika intaneti kafe, faili la megabaiti 700 lilikuwa ndoto, lakini vipande 14 vya megabaiti 50 viliwezekana: viwili leo, vitatu kesho, umeme ukikatika unapoteza kimoja tu. Hata sasa, flashi nyingi zimepangwa kwa mfumo wa FAT32, usiokubali faili moja linalofika gigabaiti 4. Mhariri wa video mwenye faili la gigabaiti 9 bado analikata kwa 7-Zip, programu ya bure ya Igor Pavlov wa Urusi iliyotoka mwaka 1999, akapata vipande vya 001, 002 na 003.

Sasa nifike kwenye jambo linalonisukuma kuandika. Kila programu niliyoitaja ina njia ya kuhakiki uzima wa furushi. Iliyoenea zaidi ni CRC, hesabu iliyobuniwa na W. Wesley Peterson mwaka 1961. Programu inapobana, inapiga hesabu juu ya baiti zote za faili na kuandika jibu pembeni. Inapofungua, inapiga tena na kulinganisha. Majibu yakitofautiana, kuna kitu kimeharibika njiani. Hiyo ndiyo sababu ya ujumbe wa "CRC" unaoonekana kipande kinapokuwa kibovu. Watu wakauzoea, na usipotokea wakafarijika: faili limefunguka, basi ni salama. Hapo ndipo wanapokosea. CRC inasema faili limefika kama lilivyotumwa. Haisemi neno lolote kuhusu nia ya aliyetuma.

Wahalifu walilijua hilo mapema. Mwaka 1995 zilisambaa programu zilizojiita PKZIP 3.0, ambazo Katz hakuzitengeneza kamwe. Aliyeziendesha alihatarisha diski yake yote kufutwa. Mwaka uliotangulia, watafiti Eli Biham na Paul Kocher walikuwa wameonyesha kwamba nywila ya ZIP ya wakati huo inavunjika ikiwa mshambuliaji anakijua kipande kidogo cha yaliyomo. Likajulikana pia furushi la 42.zip, la baiti 42,374 tu, lenye mafurushi 16 ndani yake, kila moja likiwa na mengine 16, ngazi baada ya ngazi. Likifunguliwa lote linadai petabaiti 4.5 za nafasi. Lilikuwa mtego kwa programu za kukagua virusi, zilizojaribu kuchungulia kila ngazi hadi zikazimia.

Kisa kikubwa kilitangazwa Februari 2019. Watafiti wa Check Point waligundua kwamba WinRAR ilikuwa bado inabeba sehemu ndogo ya kufungua mafurushi ya aina ya ACE, muundo uliokuwa umesahaulika, na sehemu hiyo haikuguswa tangu 2005. Dosari yake ilikadiriwa kuwa na umri wa miaka 19. Mshambuliaji alitengeneza furushi la ACE, akalipa jina linaloishia rar, na ndani yake akaandika njia ya uongo ya mahali pa kuweka faili. Mtu aliamini anafungulia kwenye folda yake ya upakuaji. Faili moja likaenda kimyakimya kwenye folda ya programu zinazojiwasha kompyuta inapowaka. Hakuna kosa lililoonekana. CRC ilikuwa sahihi kabisa. Kampuni ya WinRAR, iliyokuwa ikijitangaza kuwa na watumiaji milioni 500, haikuwa na msimbo asilia wa sehemu hiyo, hivyo haikuweza kuirekebisha, bali iliiondoa.

Mwaka 2023 watafiti wa Group-IB wakafichua dosari nyingine: furushi lilikuwa na hati ya kawaida na folda yenye jina lile lile, na mtu alipobofya hati ndani ya WinRAR, kilichoendeshwa ni programu iliyofichwa kwenye folda. Waliolengwa kwanza walikuwa wafanyabiashara wa hisa na sarafu za mtandaoni. Toleo la 6.23 likaziba. Julai 2025 watafiti wa ESET wakakuta hila ya njia ya uongo imerudi kwa sura mpya, na toleo la 7.13 likatolewa kuiziba.

Kwa hiyo anayepokea furushi la vipande leo ana maswali mawili yasiyojibiana: je, limefika lote, na je, limetoka kwa nani. La kwanza lina majibu ya wazi. Vipande vyote viwe katika folda moja na majina yasibadilishwe. Kivinjari kikipakua kipande mara ya pili kinaongeza (1) kwenye jina, na programu haitakitambua mpaka nyongeza hiyo ifutwe. Tazama ukubwa: vipande vyote hulingana isipokuwa cha mwisho, hivyo ukiona cha katikati ni kidogo kuliko wenzake, upakuaji wake ulikatika, kirudie hicho tu. Anza kufungua kwenye kipande cha kwanza, au kwenye kile cha zip kama ni ZIP. Kabla ya kufungua, tumia amri ya kujaribu, iliyomo katika WinRAR na 7-Zip, ambayo husoma furushi zima bila kuandika chochote kwenye diski.

Swali la pili halina kitufe. Furushi lenye nywila, likija kwa barua pepe na nywila yake imeandikwa humo humo, halijafungwa kwa ajili ya kukulinda wewe. Limefungwa ili kikaguzi cha virusi kisione ndani. Kundi la wahalifu la Emotet lilitumia mbinu hiyo mwaka 2020. Kipande cha kwanza kikiishia exe, usikibofye. Kifungue kutoka ndani ya programu yako ya mafurushi. Aliyetengeneza programu akiwa amechapisha alama ya SHA-256 kwenye tovuti yake, ilinganishe na ya faili ulilonalo, kwa kuwa alama hiyo, tofauti na CRC, ni vigumu mno kughushi.

Na WinRAR haijisasishi yenyewe. Iliyowekwa kwenye kompyuta ya ofisi mwaka 2017 bado ni ile ile ya 2017, na ACE yake na dosari zake zote. Iwashe leo, fungua menyu ya msaada, soma namba ya toleo. Ikiwa ni chini ya 7.13, iondoe na upakue mpya kutoka kwa watengenezaji wenyewe, kabla hujafungua furushi lingine lolote.